Wakuu naombeni ushauri: nimenogewa na Honda Fit kwenye simyuleta, magari ya mashindano siyataki tena

Usukani_Mlegevu: Wakuu kwema? Nacheza Gran Turismo 7, gereji imejaa magari ya maana lakini kila nikiwasha najikuta nimechukua Honda Fit Hybrid ya 2014, ile ya menyu ya kwanza kabisa kwenye kundi la Aqua na Demio. Wenzangu wananiita dereva wa kupeleka watoto shule. Nikomae nayo au nihamie GT3, yale magari ya mashindano? Hadi usingizi nakosa.

Kona_Kali: Komaa nayo mkuu. Gari lisilo na nguvu linakufundisha kutunza mwendo, ukikanyaga breki ovyo huo mwendo kuurudisha ni shughuli. Ukiingia kona na spidi kubwa tairi za mbele zinalia, usukani unakuwa mwepesi mkononi, ujue pua imeshagoma, hapo achia mafuta kidogo tu, uzito unakuja mbele na linakata lenyewe. GT3 upepo ndio unakushikilia chini halafu unajiona fundi.

Babu_Gia: Usione aibu mkuu, Volvo 1994 walipeleka 850 ya mgongo mrefu, gari la kubebea mizigo, kwenye ligi ya mbio za magari ya Uingereza. Mimi hapa nagombania pedi ya gemu na binti yangu, yeye ana Demio ya dizeli mimi Alphard, jana kanipiga nikasingizia betri.

Mama_Rambo: Usingizi unakosa kisa gemu? Kuna kitu hujasema wewe.

Usukani_Mlegevu: Hakuna kitu dada, napenda tu.

Mama_Rambo: Fit unayo nyumbani?

Usukani_Mlegevu: Ya wife. Haya ngoja niseme, gari la kweli sijawahi kuendesha na leseni sina, ila nimeshamwambia wiki ijayo ukweni nawapeleka mimi, yeye anajua nilijifunza zamani. Kwani tatizo liko wapi wakuu, Nordschleife, ile njia ya mashindano ya Ujerumani ya kilomita 20 na ushee, namaliza kwenye gemu bila kugusa majani, na klachi nakanyaga kabisa kama kwenye hiyo ya wife.

Mtumishi77: Kaka unabeba roho za watu. Nenda chuo cha udereva kwanza, huo uongo mwambie mkeo leo leo.

Kipanya: Mwambie akuchoree barabarani ule mstari wa rangi wa kwenye gemu unaokuonyesha pa kupita 😂

Usukani_Mlegevu: Nimeomba ushauri sio mahubiri. Safari nimeshaahidi.

Fundi_Mtaratibu: Mnakunywa chai nyie. Fit Hybrid ile ina gia saba za klachi mbili, inajibadilishia yenyewe, pedali ya klachi haina. Huyo mke anakanyaga nini?

Usukani_Mlegevu: Nilimaanisha kwenye gemu.

Fundi_Mtaratibu: Umeandika "kama kwenye hiyo ya wife", panda juu usome.

Usukani_Mlegevu: Mimi huwa nakaa nyuma na watoto, pedali nitazionea wapi?

Kipanya: Nimekufa 😂😂 mods uzi huu hamishieni hadithi.

Babu_Gia: Ya mke wa mtu tumuachie mwenyewe. Kona_Kali, hiyo Demio gia ya tatu naipandisha saa ngapi? Nataka nimshinde huyu mtoto kwenye gemu akitoka kuoga.

Kona_Kali: Usisubiri mshale ufike mwisho mzee, dizeli nguvu iko chini, pandisha mapema.