Kundi la WhatsApp: Majirani wa Nyarugusu (kambi ya wakimbizi, Tanzania) tulioko New Hampshire, Marekani

Mama Furaha: Habari za asubuhi ndugu zangu. Alhamisi saa 12 jioni kikao cha bajeti ya shule. Nataka majina 10 na magari 3. Naanza. 1. Mama Furaha

Mama Furaha: Jamani tiki za bluu naziona

Shabani: Dada gari ninalo ila mama mkwe kagoma kupanda, mjukuu kamsomea kaulimbiu ya jimbo kwenye pleti namba, ISHI HURU AU UFE, anasema hapandi gari linalotaja kifo 😂

Eliya: Bandika selotepu hapo kwenye UFE 😂😂

Shabani: Na polisi?

Eliya: Hawakugusi. Maynard wa Claremont alifunika kwa ajili ya imani yake wakamfunga siku 15, kesi ikafika Mahakama ya Juu ya Marekani, 1977 akashinda. Maneno yenyewe ni ya jenerali John Stark, 1809, kaalikwa sherehe ya ushindi wa vita, mzee hawezi safari, akatuma salamu hizo

Mama Furaha: Tumeacha bajeti tuko kwenye selotepu!! Wanasiasa wa hapa wote wanaapa na hayo maneno, kodi ya mshahara hakuna, ya dukani hakuna, sasa shule inalipwa na nini? Kodi ya nyumba, na mwenye nyumba anatupandishia sisi pango. Mji wa Croydon hapa jimboni, 2022 kwenye kikao walifika watu wachache, bajeti ya shule ikakatwa toka dola milioni 1.7 hadi laki 8, ikabidi mji mzima urudi mwezi wa 5 kuirudisha, kura 377 kwa 2

Mama Rehema: Mimi siji. Mwaka juzi mliniacha kituoni kwenye theluji na mtoto mgongoni

Mama Furaha: Si tuliomba msamaha

Mama Rehema: Nani aliomba?

Shabani: Ni Eliya na zile sambusa zake 😂

Mzee Bahati: Wanangu. Huyo Stark miguu ilimkatalia akatuma maneno. Mimi pia magoti yamekataa. Nyarugusu nimekaa miaka 19, kutoka kambini mpaka kibali. Mdogo wangu alifia Kasulu, kibali kikachelewa, nikakuta kaburi limeshafukiwa. Hapa nani kawazuia getini?

Eliya: Shikamoo Mzee. 2. Eliya

Shabani: 3. Siti ninazo 3, mkwe akikubali

Mama Furaha: Asante Mzee. Bado 7. Rehema nakupitia mwenyewe saa 11, nagonga mlango siyo honi

Mama Rehema: Tutaona. Njoo na kiti cha mtoto

Eliya: Selotepu ninayo