Kikundi cha familia: Kamera ya Jumamosi

Zuhura, 08:12
Assalaam alaykum ndugu zangu. Wale wa filamu wanakuja kwa Bibi Jumamosi saa 3 asubuhi. Wanataka azungumze mwenyewe maisha yake, si mtu kumwigiza. Nani atakuwepo? Shangazi Mwana, ule mkeka wa rangi tafadhali.

Zuhura, 10:40
Watu 14 mmesoma. Jamani?

Saidi, 10:55
Mie nipo, nyuma ya pazia na mkate wa ufuta

Rukia, 10:57
Pazia lenyewe litakuficha hicho kitambi? 😂😂

Zuhura, 11:03
Tusikilizane. Bi Kidude, yule mwimbaji wa taarab, walimfanyia filamu, ikatoka 2006. Alifariki 17 Aprili 2013. Mwanangu hakumkuta, lakini anajua kicheko chake na anavyojifunga ngoma ya msondo kiunoni. Bibi yetu tuna nini chake?

Rukia, 11:06
Video ya harusi yangu

Saidi, 11:07
Ile ya mgongo wa mpiga picha 😂

Shangazi Mwana, 13:30
Tunacho. Kile kipande cha video walichoandika "mganga" chini ya uso wake.

Shangazi Mwana, 13:34
Somo wa unyago, aliyefunda nusu ya wari wa mtaa huu, anaitwa mganga! Mwezi mzima watu wanagonga mlango wanataka dawa. Nani aliwaleta wale?

Zuhura, 13:41
Si mimi, shangazi. Na hawa nimewabana. Maneno ya chini ya picha tutayaona kabla haijatoka, na fomu ya idhini ni ya Kiswahili. Malipo hakuna, ila chakula cha siku hiyo ni juu yao.

Saidi, 13:42
Biriani au pilau?

Zuhura, 13:42
Saidi!!

Zuhura, 13:50
Wameomba pia apige ngoma ya unyago kidogo.

Shangazi Mwana, 13:51
Hilo halipo. Mambo ya ndani hayo.

Ami Haji, 21:47
Waalaykum salaam. Wale wa mwanzo niliwaleta mimi. Karatasi ilikuwa ya Kiingereza, sikuisoma. Nikamshika mama mkono, nikamwekesha dole gumba. Mama anasoma Kurani, barua zake anaandika kwa herufi za Kiarabu, na mimi mwanawe nikamtia dole kama asiyejua kusoma. Hajanilaumu hata siku moja. Safari hii kamera haiwashwi mpaka nimsomee kila mstari, na jibu litoke kinywani mwake. Hata hilo la ngoma.

Zuhura, 21:58
Naam, Ami.

Rukia, 22:31
🙏🏾

Zuhura, 07:05
Ami, leo unakwenda kwa Bibi saa ngapi? Wananiuliza waje au wasubiri.

Saidi, 07:20
Mkeka nitaufuata mie

Shangazi Mwana, 07:52
Bibi kaniambia nimtolee kanga ya kisutu sandukuni. Hakusema ya nini.

Zuhura, 07:52
Ya Jumamosi??

Zuhura, 09:15
Shangazi?