Tupeane uzoefu: sifa za kufanya mitihani ya kupandishwa cheo serikalini Kenya

Karani wa Bonde: Wenzangu watumishi wa umma, kila nafasi zikitangazwa kuna watu wa miaka mingi kazini wanaoachwa kwa kukosa karatasi moja tu. Tukusanye hapa tunayoyajua, kada kwa kada: sifa, muda, na kinachowaangusha watu.

Naanza na la wote. Skimu nyingi za utumishi, yaani hati zinazoweka masharti ya kazi na ya kupanda cheo kwa kila kada, hutaka miaka 3 katika cheo ulicho nacho sasa. Hiyo miaka huhesabiwa kuanzia tarehe ya kuanza kutumika iliyoandikwa kwenye barua ya cheo hicho. Siyo siku uliyoajiriwa, wala siku barua ilipokufikia mezani. Anayekaa miaka 6 katika cheo bila mtihani unaotajwa kwenye skimu hana sifa, na aliyefaulu mtihani akiwa na miaka 2 hana pia. Vyote viwili lazima vikutane kabla ya siku ya mwisho ya kutuma maombi.

Usukani: Madereva. Dereva III anatakiwa awe na leseni halali isiyoandikwa kosa, uzoefu wa miaka 2 wa kuendesha, cheti cha tabia njema, cheti cha huduma ya kwanza, na awe amefaulu jaribio la udereva la gredi III. Kwenda Dereva II: miaka 3 kwenye cheo, kipimo cha ufundi cha gredi II, na kozi ya kujinoa isiyopungua wiki moja, ndani ya kila miaka 3, pale KIHBT (taasisi ya serikali ya mafunzo ya barabara na ujenzi).

Hiyo kozi ndiyo inayowamaliza wengi. Mtu anaisoma mara moja, anaweka cheti kwenye faili, anadhani imeisha. Mwaka wa nne anaitwa, paneli inatazama tarehe na kumweka kando, hata kama kipimo cha ufundi amefaulu vizuri.

Tazameni pia cheti cha huduma ya kwanza. Skimu inasema wiki moja, kutoka St John Ambulance, KIHBT au taasisi nyingine inayotambulika. Chukua chako ukisome: kama kimeandikwa mafunzo ya siku mbili, hakitakusaidia, hata kikiwa na muhuri na sahihi zote.

Karani wa Bonde: Umesema kweli, Usukani. Kwa sisi makarani kuna mtihani wa ustadi, na Kenya School of Government ndiko kwa kuuliza tarehe na ada. Usikubali kuambiwa tu kwamba mtihani huo "unahitajika mahali fulani juu." Omba skimu kwa afisa wa rasilimali watu, usome mstari wa cheo kile unachokitaka. Mkipanda zaidi mtakutana na kozi ya usimamizi ya wiki 2, kisha ile ya mameneja wakuu ya wiki 4. Warsha ya siku 5 haihesabiki kama kozi ya wiki 4.

Binti Mwatate: Je, muda wa kukaimu unahesabiwa? Na mwenye majina tofauti kwenye vyeti?

Karani wa Bonde: Dada, kukaimu hakukupi cheo, kwa hiyo usijumlishe miezi hiyo kwenye ile miaka 3. Majina yarekebishe mapema. Kama kitambulisho kina majina matatu na cheti cha mtihani kina mawili, pata hati ya kiapo kwa wakili na uiambatanishe na kila nakala. Kama umebadilisha jina kabisa, hati ya kiapo haitoshi. Unahitaji kusajili mabadiliko hayo.

Mwalimu wa Ziwani: Walimu njia yetu ni tofauti, hatufanyi mtihani. Kwa walimu wa sekondari, kutoka gredi ya C2 kwenda C3 hakuna ushindani: miaka 3 na TPAD (tathmini za utendaji wa mwalimu) zilizokamilika. Zaidi ya hapo ni kuomba nafasi zikitangazwa na kufanyiwa usaili.

Usukani: Nyongeza ya mwisho kwa madereva. Ombeni ruhusa ya kozi kwa maandishi, mkiandika jina la kozi na tarehe ya cheti cha zamani kuisha nguvu, na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa mbaki nayo. Ni jambo la haki mwajiri awatoe kazini kwa hiyo wiki moja, maana sharti limewekwa na skimu yenyewe. Cheti cha tabia njema huombwa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, kwa shilingi 1,050, kisha unachukuliwa alama za vidole. Kiombeni kabla tangazo halijatoka, kwa sababu foleni hurefuka sana nafasi zikishatangazwa.