Naomba ushauri: utafiti wa vijiji vya Wahispano, New Mexico. Ardhi au maji?

Habari wakuu. Nasoma uzamili Albuquerque, na utafiti wangu ni vijiji vya Wahispano (wazao wa walowezi wa Kihispania) milimani kaskazini mwa jimbo la New Mexico, Marekani, hasa kijiji cha Las Trampas. Kilianzishwa mwaka 1751 kwa ardhi iliyotolewa na utawala wa Hispania: kila familia shamba lake, malisho na misitu ya wote. Marekani ilipolichukua eneo hilo mwaka 1848 iliahidi kuheshimu mali za watu, lakini ardhi ya pamoja ikauzwa, na sehemu kubwa leo ni msitu wa serikali. Uchungu bado upo.

Mifereji yao ya kumwagilia mashamba, acequia, imesalimika. Wanaisafisha pamoja kabla ya kilimo, na msimamizi, mayordomo, ndiye anayegawa zamu za maji. Mimi mtoto wa Kilimanjaro, nilipoona hivyo nikasema huu ni mfongo kabisa, mfereji wetu wa asili wa Wachagga!

Profesa wangu anataka ardhi kwa kuwa nyaraka zipo. Mimi navutwa na maji. Waliowahi kufanya utafiti vijijini: wazee waliodhulumiwa ardhi unawaingiaje? Nipitie kwa mayordomo, au nijitokeze tu na koleo siku ya kusafisha mfereji? Na kuulinganisha na mifongo ya Wachagga, nitaonekana nalazimisha?