Thelma & Louise: ni urafiki au ni ukorofi?

Msomi wa Uyole: Jana usiku wachambuzi walijadili kwenye runinga Thelma & Louise, filamu ya mwaka 1991 kuhusu marafiki wawili wa Arkansas wanaotoka kwenda kupumzika siku mbili, kisha Louise anampiga risasi mwanamume aliyetaka kumbaka Thelma, nao wanaelekea Meksiko. Mchambuzi mmoja alidai hapo hakuna urafiki, ni ukorofi tu. Mnaonaje?

Mzee wa Kabwe: Niliitazama mpaka ugali ukapoa. Yule mtu alikwisha kumwachia Thelma, ndipo Louise akamuua kwa sababu ya tusi. Tena hata fedha hawakuweza kutunza: Thelma aliiacha akiba ya Louise chumbani na kijana waliyempa lifti, naye akatoweka nayo. Ndiyo maana vikoba vyenu wanawake, hivyo vikundi vya akiba vya Mwanjelwa, huvunjika kila Desemba.

Mama Nafaka: Shikamoo mzee. Habari ya risasi nakuachia, lakini ya vikoba siiachi. Mimi ni mweka hazina. Sanduku letu lina kufuli tatu, funguo zake hulala katika nyumba tatu, na mgao wa mwaka jana tulihesabiana hadharani juu ya gunia la mchele wa Kyela. Kikundi kilichovunjika ni cha waendesha bajaji, na mweka hazina wake, kama sikosei, alikuwa na ndevu.

Mzee wa Kabwe: Marahaba. Ndevu zimeingiaje? Nazungumzia filamu iliyopewa Oscar ya filamu bora.

Mwalimu, Iringa: Haikupewa, mzee wangu. Oscar yake ni moja, ya Callie Khouri aliyeiandika. Geena Davis aliyeigiza Thelma na Susan Sarandon aliyeigiza Louise waliteuliwa wote wawili kwa tuzo ya mwigizaji bora wa kike, akashinda Jodie Foster kwa filamu nyingine. Na hizo fedha mnazozishikia bango ndizo zenye jibu la mada: zilipoibwa, Louise, aliyekuwa akiamua kila kitu, alikaa sakafuni akilia, na Thelma, ambaye mwanzoni alishindwa hata kumuaga mumewe, ndiye aliyemwinua, akaendesha mambo, akaenda kupora duka ili wapate nauli ya kuendelea.

Mama Nafaka: Machozi yalinitoka hapo, sikatai. Ila duka lile lilikuwa la mtu, mwalimu. Nani alimrudishia?

Mzee wa Kabwe: Hapo, mama, tuko pamoja. Sasa hao wa bajaji ni wa kijiwe gani?