Tupeane uzoefu: mmea wa uchawi ulioubuni katika hadithi yako uliutoa wapi?

Mwanzisha mada, Malindi

Assalaam alaykum wanajamvi. Wale mnaosimulia au kuandika hadithi za nchi za kubuni, ninawaomba kila mmoja aeleze mmea mmoja wa hatari alioupanda humo, aliutoa wapi, na uliwafanyia nini wasikilizaji. Ninaanza mimi, tena kwa aibu.

Mmea wangu wa kwanza katika visiwa vya Mwambakuu, ambavyo havimo katika ramani yoyote ila ile niliyoichora nyuma ya kalenda, ulikuwa na vichwa saba, ukimeza majahazi na kutema nanga. Niliwasimulia watoto wa dada yangu barazani baada ya sala ya isha, nikitaraji kwamba wangesogeleana kwa hofu. Badala yake yule mdogo, mwenye miaka sita, akaniuliza: "Sasa mjomba, kwa nini wasiukate?" Sikuwa na jibu, na hadithi ikafia hapo.

Jibu nililipata shambani Ganda, mvua zilipokwisha na magugu ya uani yalipokauka. Nilishika panga nikafyeka mtambaa uliokuwa umelalia ua, bila kuangalia maganda yake yaliyofunikwa na vinyweleo vya rangi ya dhahabu kama mahameli. Ulikuwa upupu. Pigo la tatu lilipotikisa maganda, upepo ukanirudishia vinyweleo vyote shingoni na kwenye mikono, na kila nilipojipangusa kwa shati nilikuwa nikijisambazia mwenyewe. Jirani yangu, bibi wa makamo, alikuja na majivu ya jikoni kwenye kata, akanisugua bila huruma huku akinieleza kwamba upupu hukatwa ukiwa mbichi, kabla haujakomaa, kwa sababu ukishakauka anayeukata ndiye anayeupanda mwilini mwake.

Usiku ule, nikiwa bado ninajikuna, mwitajina ukazaliwa. Ni mtambaa unaoota juu ya magofu ya Mwambakuu, na vumbi la maganda yake haliwashi ngozi: aliyeguswa nalo husikia akiitwa na sauti ya mtu wake, na akiitika kabla ya kuitwa mara ya tatu, humsahau moja kwa moja mwenye sauti ile. Hawaukati kwa sababu panga moja hupasua maganda yote. Watoto wetu wa Pwani tayari wanajua kwamba ukiitwa usiku na sauti usiyoiona huitiki haraka, kwa hiyo sikuhitaji kuwafafanulia. Safari hii walisogeleana.

Binti Matondoni, Lamu

Wa alaykum salaam, kaka. Mmea wangu umetoka kwenye mikoko. Marehemu baba alikuwa mkata boriti, na nilipokuwa mdogo alinichukua mara moja katika mtumbwi. Nikiwa ninamsubiri nililamba jani la mchu, nikashtuka kuona lina chumvi juu yake, kana kwamba mti umetoka jasho. Baba alicheka akasema kwamba mchu hunywa maji ya bahari na kuitoa chumvi kupitia majani, na mizizi ile iliyosimama matopeni kama vidole ndiyo pua zake. Kisha akapaza sauti, "Mai yapinduka!", tukaondoka mbio kabla maji hayajafunga njia.

Katika hadithi yangu, mti huo huitwa mchukiu. Chumvi yake ni tamu kuliko chumvi yoyote, na wake wa wavuvi huikung'uta kutoka kwenye majani ili kuungia samaki. Hakuna anayekufa kwa kuila. Ila baada ya mwezi mmoja, maji ya kisima huwa machungu mdomoni mwake, na anayepikiwa kwa chumvi hiyo huanza kutazama bahari kama mtu mwenye kiu anavyotazama mtungi. Nilipoisoma hadithi hiyo ukumbini, shangazi yangu aliinuka akaenda kunywa maji, nami sikuhitaji sifa nyingine.

Mpwani wa Shela

Mimi sikubaliani na habari ya kila mmea kuwa na sababu. Mkwaju unaogopwa wakati wa magharibi, jua likizama, bila maelezo yoyote.

Mwanzisha mada, Malindi

Bwana, hata mkwaju una sharti lake, nalo ni magharibi. Na Liyongo, aliyeshinda kila silaha, aliuawa kwa sindano ya shaba kitovuni. Bila sindano ile, nani angeendelea kumsimulia?

Mzee wa Langobaya

Huku bara ya Malindi tunao msungu, ambao Waata waliuchemsha kupata sumu ya mishale ya kuwindia tembo. Lakini kilichonipa hadithi ni panya mmoja mkubwa mwenye manyoya marefu, ambaye hutafuna gamba la mti huo na kujipaka mate yenye sumu ubavuni, kisha mbwa anayemng'ata huanguka. Watafiti waliliandika jambo hilo mwaka 2011. Mmea wangu wa kubuni, kwa hiyo, hauui mtu kamwe. Huazimisha tu sumu yake, na hatari yote iko katika kutojua nani amekwisha kuiazima.

Mwalimu wa Mambrui

Ninaandika hili kwa uzito, kwa kuwa kosa lilikuwa langu. Niliwasimulia wanafunzi kuhusu mtambaa wenye punje nyekundu zenye doa jeusi, ambazo anayezimeza huona ya kesho. Nilikuwa nimeeleza mturituri kama ulivyo, nikabadilisha jina tu. Siku mbili baadaye nilimkuta mtoto nyuma ya darasa, shavu limetuna. Nilimfumbua kinywa kwa vidole vyangu, nikatoa punje nne, zote nzima, ganda halijapasuka. Punje hiyo ikimezwa nzima huweza kupita tumboni bila madhara kwa ugumu wa ganda lake, lakini ikitafunwa huweza kuua. Niliziweka juu ya daftari langu, nikashindwa kufundisha kipindi kilichofuata.

Tangu hapo, ninachukua tabia ya mmea wa kweli lakini siuchukui uso wake. Wenzangu, angalieni rangi mnazozitaja.

Mwanzisha mada, Malindi

Ahsante, Mwalimu. Nimerudi kwenye daftari jioni hii na kuyafuta maneno "rangi ya dhahabu kama mahameli". Maganda ya mwitajina sasa ni ya buluu, na huonekana tu ndani ya maji yaliyotulia. Yule mpwa wangu hakulalamika. Anachotaka kujua ni nani aliyeitika wa kwanza, na ikiwa watu wote wamemsahau, mimi nimepata wapi habari zake.