Nianze na kitabu gani cha Robert Caro?

Swali: Wakuu, habari zenu. Nataka kuelewa New York ilivyojengwa, nikaambiwa nimsome Robert Caro. Nimekishika The Power Broker cha 1974, nikashtuka: kurasa zaidi ya 1,100! Nianze nacho, au na vile alivyoandika kumhusu Rais Lyndon Johnson wa Marekani?

Jibu: Anza nacho, mkuu, usiogope unene. Kinamhusu Robert Moses, aliyejenga barabara kuu, madaraja na bustani za New York bila kushinda uchaguzi hata mmoja. (Aligombea ugavana 1934, akabwagwa.) Fungua kwanza sura ya "One Mile", kuhusu mtaa wa East Tremont kule Bronx, New York. Ni maili moja tu ya barabara, lakini watu wanaletewa barua kwamba wana siku 90 za kuhama. Niliisoma usiku, usingizi ukaniruka.

Jibu: Kweli kabisa, ila Johnson naye usimwache. Kwenye The Path to Power cha 1982 utawakuta wanawake wa Hill Country, Texas, alikokulia Johnson, kabla ya umeme: ndoo baada ya ndoo kutoka kisimani, pasi nzito za chuma zikipashwa moto kwenye jiko la kuni, migongo imepinda kabla ya uzee. Caro alihamia huko na mkewe Ina ili wenyeji wamwamini, na inaonekana katika kila ukurasa. Nilipomaliza sura ile nilimpigia mama simu.

Muulizaji: Asanteni sana. Leo naingia East Tremont.